Dakta Johnson na Mizani ya Mashairi

Mtu aingiaye katika maktaba kubwa na kuomba vitabu vya mashairi ya Kiingereza hukuta rafu mbili zilizokaribiana. Ya kwanza ni ya washairi wenyewe. Ya pili ni ya watu waliowasoma washairi hao, wakawapima, wakasema lipi katika kazi yao ni jema na lipi ni bovu. Wasomaji wengi huipita rafu hii ya pili bila kuigusa, wakidhani ni ya walimu na wanafunzi wa mitihani tu. Sisi twaona hilo ni kosa. Pasipo mizani hata dhahabu huuzwa kwa bei ya shaba, na lugha isiyo na wapimaji hodari huwasifu washairi wake wote sawasawa, yaani haimsifu hata mmoja. Leo twapenda kuwasimulia wasomaji wetu maisha ya mtu aliyeiheshimisha rafu hiyo ya pili kuliko Mwingereza ye yote wa zama zake, naye ni Samuel Johnson, ajulikanaye zaidi kwa jina la Dakta Johnson.

Johnson alizaliwa mwezi wa Septemba mwaka 1709 katika mji mdogo wa Lichfield, katikati ya Uingereza. Baba yake, Michael Johnson, alikuwa muuza vitabu, na siku za soko alivichukua vitabu vyake akaviuze katika miji ya jirani. Biashara hiyo haikumtajirisha. Mtoto naye hakujaliwa afya. Ugonjwa wa matezi ya shingoni ulimwachia makovu, ukamwondolea karibu nuru yote ya jicho moja na kumpunguzia usikivu wa sikio moja. Siku hizo watu waliamini kwamba mguso wa mfalme huponya maradhi hayo, hivyo mwaka 1712 mama yake alimpeleka London aguswe na Malkia Anne. Malkia akamgusa, lakini makovu yalibaki pale pale hadi kaburini.

Yasimuliwa kwamba siku moja, akiwa bado mdogo, alidhani ndugu yake ameficha matofaa nyuma ya vitabu katika rafu ya juu ya duka la baba yao. Akapanda kuyatafuta. Matofaa hakuyaona, bali mkono wake uliangukia kitabu kikubwa cha Petrarch, mshairi wa Italia. Akaketi akasoma sehemu kubwa ya kitabu kile, na hamu ya matofaa ikasahauliwa. Safari nyingine alikuwa jikoni peke yake akisoma Hamlet, mchezo wa Shakespeare. Alipofika penye mzuka alishikwa na hofu, akakimbilia mlango wa barabarani ili aone watu walio hai. Twayataja haya kwa kuwa ndiyo msingi wa yote yaliyofuata. Johnson hakuambiwa na mtu kwamba vitabu hivi ni vikubwa, alivigundua mwenyewe. Na mtu aliyewahi kutishwa na kitabu utotoni hawezi kudanganywa ukubwani na yule asemaye kwamba ushairi ni hesabu ya mizani na vina basi.

Mwezi wa Oktoba mwaka 1728 aliingia chuo cha Pembroke katika Oxford. Alikuwa amesoma vitabu vingi kuliko wengi wa wenzake, lakini fedha hakuwa nazo. Viatu vyake vilichakaa hata vidole vikaonekana, na mtu mmoja mwenye huruma alimwekea viatu vipya mlangoni kwa siri. Johnson alivitupa kwa hasira. Baada ya miezi kumi na mitatu umaskini ulimtoa chuoni bila shahada. Baba yake alifariki mwaka 1731, na urithi uliomfikia kijana ulikuwa pauni 20. Mwaka 1735 alimwoa Elizabeth Porter, mwanamke mjane aliyemzidi umri kwa miaka ishirini, na kwa fedha za mke wake akafungua shule. Wanafunzi walikuwa wachache mno, shule ikafa. Mmoja wa wanafunzi hao alikuwa David Garrick, ambaye baadaye alikuwa mwigizaji mashuhuri kuliko wote wa Uingereza. Mwezi wa Machi mwaka 1737 mwalimu na mwanafunzi wake walifuatana kwenda London kutafuta riziki.

London haikumpokea kwa mikono miwili. Aliandikia gazeti lililoitwa The Gentleman's Magazine, akitafsiri, akitengeneza habari za watu wengine, na kulipwa kidogo. Mwaka 1738 alitoa shairi refu juu ya mji huo wa London, akalipwa gini 10, na gini moja ilikuwa pauni moja na shilingi moja. Rafiki yake mmoja alikuwa mshairi fukara, Richard Savage, na usiku mwingine wote wawili walizungukazunguka mitaani mpaka alfajiri kwa kukosa kodi ya chumba. Savage alifia gerezani kwa deni mwaka 1743, na mwaka uliofuata Johnson alitoa kitabu cha maisha yake. Humo hakuficha uvivu wala majivuno ya rafiki yake, wala hakumnyima sifa aliyostahili. Ilikuwa mara ya kwanza kwa mizani yake kuonekana hadharani.

Mwaka 1746 wauza vitabu wa London walipatana naye atunge kamusi ya Kiingereza kwa gini 1,500. Wafaransa walikuwa na baraza la wataalamu 40, na kamusi yao, iliyotoka mwaka 1694, iliwachukua zaidi ya miaka hamsini. Johnson alikuwa na chumba cha darini na waandishi sita wa kumsaidia. Njia aliyoitumia yafaa ielezwe. Hakuketi akakumbuka maneno. Alivisoma vitabu vya waandishi bora, akapiga mstari chini ya neno alilotaka, na waandishi wake wakainakili sentensi nzima katika vipande vya karatasi. Kamusi ilipotoka tarehe 15 Aprili 1755, katika mabuku mawili makubwa, ilikuwa na maneno zaidi ya 40,000 na mifano zaidi ya 110,000 iliyotolewa katika vitabu. Shakespeare, Milton na Dryden ni miongoni mwa waliotajwa mara nyingi. Hivyo aliyefungua kamusi kutafuta maana ya neno moja alijikuta mbele ya mshairi. Johnson alikuwa ameifanya kamusi kuwa mlango wa mashairi, na kuwaonyesha watu wake kwamba utajiri wa lugha hukaa katika kazi za watunzi wake.

Kazi hiyo ilimfunza jambo jingine. Mwanzoni, mwaka 1747, alikuwa ameupeleka mpango wake kwa Lord Chesterfield, bwana mkubwa wa siku zile, akitumaini ufadhili. Alipewa pauni 10, kisha akasahauliwa kwa muda wa miaka saba. Katika miaka hiyo mke wake alifariki, naye akaendelea na kazi katika huzuni. Kamusi ilipokaribia kutoka, bwana yule akaandika magazetini kuisifu, ili aonekane kuwa ndiye mlezi wake. Johnson alimwandikia barua ya adabu iliyo kali kama wembe, akimweleza kwamba msaada ujao baada ya safari kwisha si msaada. Tangu hapo watunzi wengi wamejifunza kwamba mfadhili wao wa kweli ni msomaji anunuaye kitabu.

Heshima ilikuja mbele ya mali. Oxford walimpa shahada mwaka 1755, lakini mwaka 1756 alikamatwa kwa deni lisilofika pauni sita, akaokolewa na Samuel Richardson, mtunzi wa hadithi. Mama yake alipofariki mwaka 1759, aliandika hadithi ya Rasselas, mwana wa mfalme wa Uhabeshi, katika jioni za wiki moja, ili alipe gharama za mazishi. Hata mwaka 1762 ndipo Mfalme George wa Tatu alipompa pensheni ya pauni 300 kwa mwaka. Maadui walicheka sana, kwa kuwa katika kamusi yake Johnson alikuwa amelieleza neno pensheni kwa dhihaka.

Mwaka 1765 alitoa michezo ya Shakespeare katika mabuku manane pamoja na dibaji yake. Wataalamu wengi wa wakati ule walishika kanuni kwamba mchezo mwema hutendeka mahali pamoja na katika siku moja, nao walimlaumu Shakespeare kwa kuivunja. Johnson aliwajibu kwa akili ya kawaida. Mtazamaji, alisema, ajua tangu mwanzo kwamba ameketi katika nyumba ya michezo. Ikiwa mawazo yake yaweza kufika Misri katika sehemu ya kwanza, hapana la kuyazuia kufika Roma katika sehemu ya pili. Lakini pamoja na utetezi huo aliorodhesha makosa ya Shakespeare: kupenda mno mchezo wa maneno, kuharakisha miisho, na kujali kufurahisha kuliko kufunza. Hapa ndipo tuonapo uhakiki ulio hai. Aliyempenda mtunzi kuliko wote ndiye aliyethubutu kuyataja makosa yake.

Mwaka 1777 wauza vitabu walimjia tena. Walitaka kuchapa mashairi ya washairi wa Uingereza, naye aandike utangulizi mfupi wa maisha ya kila mmoja. Aliomba gini 200 tu, ingawa wangeweza kumlipa mara nyingi zaidi. Utangulizi ulikua ukawa kitabu kizima, kilichotoka kati ya mwaka 1779 na 1781, chenye maisha ya washairi 52. Kina upungufu. Washairi wengi walichaguliwa na wauzaji, si na Johnson, kwa hiyo wamo wengine waliokwisha sahaulika, wala hamna mwanamke hata mmoja. Tena chuki zake zaonekana. Johnson alikuwa mtu wa mfalme, na Milton alikuwa ametumikia serikali iliyomkata kichwa Mfalme Charles wa Kwanza mwaka 1649. Kwa hiyo alimtesa sana katika maelezo ya maisha yake, na shairi lake la Lycidas akalidharau bila haki. Lakini alipofika kwenye Paradise Lost, utenzi mkubwa wa Milton, aliiweka chuki kando akautaja miongoni mwa kazi kuu za akili ya mwanadamu, huku akikiri kwamba huchosha. Kadhalika hakupenda tungo nyingi za Thomas Gray, ila kwa shairi lake juu ya makaburi ya kijijini alisalimu amri, akasema kwamba mwisho wa yote hukumu ya ushairi ni ya msomaji wa kawaida. Mwandishi Virginia Woolf alilichukua neno hilo la msomaji wa kawaida akaliita jina la kitabu chake cha uhakiki mwaka 1925.

Katika siasa mizani yake ilitikisika. Mwaka 1775 aliandika kijitabu cha kuitetea serikali ya mfalme dhidi ya makoloni ya Marekani, na wengi walisema pensheni ndiyo iliyoandika. Lakini hata humo aliuliza iweje sauti kubwa za kudai uhuru zitoke kwa wenye kumiliki watumwa. Swali hilo halikuwa la mdomo tu. Tangu mwaka 1752 alikaa nyumbani mwake Francis Barber, aliyezaliwa mtumwa katika kisiwa cha Jamaika. Johnson alimpeleka shule kwa gharama zake. Joseph Knight, mtu mweusi aliyeshikwa utumwani huko Uskochi, alipodai uhuru wake mahakamani, Johnson alisaidia kutunga hoja za kumtetea, na mwaka 1778 Knight alishinda. Katika wasia wake Johnson alimwachia Barber pauni 70 kwa mwaka pamoja na sehemu kubwa ya mali iliyosalia. Baadhi ya marafiki walinung'unika, wasia haukubadilika.

Katika uzee wake aliungama jambo lililomsumbua kwa miaka hamsini. Ujanani, baba yake akiwa mgonjwa, alimwomba aende badala yake kuuza vitabu katika soko la Uttoxeter, naye kwa kiburi akakataa. Mzee huyo mwenye sifa nchi nzima alikwenda sokoni hapo, akavua kofia, akasimama katika mvua muda mrefu mahali palipokuwa meza ya baba yake. Alifariki tarehe 13 Desemba 1784, akazikwa katika Kanisa la Westminster pamoja na wakuu wa nchi yake. Mwaka 1791 rafiki yake James Boswell alitoa kitabu cha maisha yake, ambacho husomwa hata sasa.

Sisi wasomaji wa Kiswahili twaweza kujifunza kwake bila kuazima chuki zake. Kwetu nako mizani si jambo geni. Sheikh Kaluta Amri Abedi alipotoa mwaka 1954 kitabu chake cha sheria za kutunga mashairi, aliziweka sheria na diwani yake katika jalada moja, ili msomaji apewe kipimo na kitu cha kupimwa kwa pamoja. Huo ni ujasiri wa kuigwa. Basi kijana aingiaye maktaba akitafuta mashairi, ya Kiingereza au ya kwetu, asiishie kwenye rafu ya kwanza. Aisome na ile ya pili, abishane nayo, kisha arudi kwa mshairi akiwa na macho mapya. Johnson alipanda rafuni kutafuta matofaa akashuka na kitabu. Hapana ajuaye nani atapanda kesho, wala atashuka na nini.