Sam Joseph Ntiro: Mchoraji wa Machame
Sam Joseph Ntiro (1923–1993) alizaliwa Machame, katika wilaya ya Moshi ya wakati huo. Alisomea uchoraji Makerere kwa Margaret Trowell, kisha Slade, London. Baada ya Uhuru akawa Balozi wa Tanganyika nchini Uingereza. Hata hivyo, katika turubai zake hakuihama Machame. Alichora watu wakifanya kazi kwa pamoja, nyuso zao zisibainike, kwani mhusika wake ni jamii. Waliodhani kwamba hakuzijua kanuni za Ulaya walikosea: alizisoma, akaziweka kando. Picha yake ya 1956, ya wanaume wanaompelekea bibi harusi mbege usiku, imo katika Makumbusho ya Sanaa ya Kisasa, New York. Mwana-Machame atakaye kuiona yenyewe hana budi kuifuata huko.