Sinema: Georges Méliès, kutoka safari ya mwezini hadi kuuza bomboni kwenye kituo cha treni

Georges Méliès, mmoja wa waanzilishi wa sinema, alifariki mjini Paris tarehe 21 Januari 1938 akiwa na miaka 76. Kwa filamu zake zaidi ya 500, yeye mwenyewe alitunga hadithi, alichora mapambo, aliongoza wachezaji, alicheza mbele ya kamera na kutoa pesa. Hata hivyo, uzeeni alikuwa muuzaji wa bomboni na vitu vya kuchezea watoto kwenye kituo cha treni cha Montparnasse. Alifikaje hapo?

Baba yake alikuwa na kiwanda cha viatu mjini Paris, lakini kijana hakuvutwa na viatu. Mwaka 1888 aliwauzia ndugu zake sehemu yake ya kiwanda, akanunua ukumbi wa mazingaombwe wa Robert-Houdin. Desemba 1895 aliona picha zinazotembea za ndugu Lumière. Alitaka kununua mashine yao, wakamkatalia. Akapata nyingine London, akaigeuza kuwa kamera.

Mwaka 1897 alijenga studio ya vioo kule Montreuil, pembeni ya Paris, ili mwanga wa jua uingie. Humo alisimamisha kamera, akamtoa mchezaji, kisha akaendelea kupiga picha: watazamaji waliona mtu ametoweka. Filamu yake ya mwaka 1902 kuhusu safari ya mwezini ilipendwa sana Ulaya na Marekani.

Lakini umaarufu haukumletea faida yote. Wafanyabiashara wa Marekani walinakili filamu hiyo na kuiuza bila kumlipa chochote. Mwaka 1903 alimtuma kaka yake Gaston afungue ofisi New York kulinda haki zake. Wakati huo, kampuni kubwa kama Pathé zilikuwa zinatoa filamu nyingi kwa haraka, naye alibaki akifanya kazi kama fundi. Mwaka 1911 alipokea pesa za Pathé na kuweka nyumba na studio yake kuwa dhamana. Filamu zilizofuata hazikupata watu, na mwaka 1913 kazi ikasimama.

Wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia, jeshi la Ufaransa lilichukua filamu zake nyingi. Ziliyeyushwa, na sehemu yake ikawa visigino vya viatu vya askari. Mwaka 1923 ukumbi wake ulibomolewa, na mali ya Montreuil ikaenda kulipa deni. Kwa hasira, alichoma filamu alizokuwa amebaki nazo.

Baadaye mwandishi wa habari za sinema alimtambua pale kituoni. Desemba 1929 Paris ilimfanyia sherehe kubwa. Mwaka 1931 alipewa nishani ya Légion d'honneur, na mwaka uliofuata akapata makao kule Orly pamoja na mke wake, Jehanne d'Alcy, aliyewahi kucheza katika filamu zake.

Leo zimebaki filamu zake karibu 200. Nyingi zimeokolewa na nakala zilizokuwa zimesambaa inchi za mbali, mahali moto wake haukufika.