Herman Hollerith: Katiba Ilivyozaa Mashine

Ukimwuliza mwanachuo kompyuta ilianzia wapi, wengi watakutajia vita kuu ya pili au vijana wa gereji za California. Mimi ningependa turudi nyuma zaidi, kwenye Katiba ya Marekani. Ibara yake ya kwanza inaamuru watu wahesabiwe kila baada ya miaka 10, kwa sababu viti vya Baraza la Wawakilishi hugawiwa majimbo kufuatana na idadi ya watu. Walioiandika mwaka 1787 hawakuwaza mashine hata kidogo. Lakini nchi ikajaa wahamiaji, na agizo likawa mzigo. Sensa ya 1880 ilihesabu watu takriban milioni 50. Jumla ya kugawia viti ilipatikana mapema, ila majedwali mengine yote, ya umri, kazi na mahali mtu alipozaliwa, yalichambuliwa kwa mkono kwa karibu miaka 8. Watu wakaanza kuogopa kwamba sensa ya 1900 ingefika na kukuta ya 1890 bado iko mezani.

Kati ya vijana walioajiriwa kwenye sensa hiyo ya 1880 alikuwemo Herman Hollerith, umri miaka 20 tu. Alizaliwa Buffalo, jimbo la New York, tarehe 29 Februari 1860, wazazi wake wakiwa wahamiaji kutoka Ujerumani. Inasimuliwa kwamba shuleni tahajia ilimtesa mpaka siku moja akatoroka darasani kwa kuruka dirishani (sisi wa Elimu tuichukue hiyo kama kazi ya semina). Hata hivyo, mwaka 1879 alihitimu uhandisi wa migodi Chuo cha Columbia, na profesa wake akamvuta kwenye sensa.

Hapo ndipo mkubwa wake, daktari John Shaw Billings, alipomdokezea kwamba lazima iwepo mashine ya kufanya kazi ile ya kujumlisha. Hollerith akalishika wazo. Alifundisha kidogo MIT, kisha mwaka 1883 akaingia Ofisi ya Hataza mjini Washington, yaani ile ofisi inayosajili haki za wavumbuzi. Hakukaa sana, lakini alitoka akiijua sheria ya hataza kwa ndani. Kwa maoni yangu, hicho ndicho kilichomtofautisha na mafundi wengine werevu wa zama zake. Septemba 1884 aliwasilisha ombi lake la kwanza, wakati mashine yenyewe bado haijakamilika.

Kadi zenye matundu alizifikia kwa njia ya kuchekesha. Akiwa safarini aliona kondakta wa treni akitoboa tiketi kwa namna ya kueleza sura ya abiria, rangi ya nywele, rangi ya macho, ili mwingine asiitumie. Basi Hollerith akamfanyia kila mtu kadi yake: tundu hapa ni mwanamke, tundu pale ameolewa. Kadi inawekwa kwenye mashine, sindano zinashuka, na penye tundu sindano inapita mpaka kwenye kikombe kidogo cha zebaki. Umeme unapita, na mshale wa saa ya kuhesabia unasogea hatua moja.

Mwaka 1889 serikali ikaitisha mashindano ya mifumo mitatu, kwa kutumia rekodi za sensa ya 1880 kutoka St. Louis. Kuhamisha taarifa, wapinzani walitumia saa 144 na dakika 25, na saa 110 na dakika 56. Hollerith akatumia saa 72 na dakika 27. Kwenye kujumlisha ndiko alikowaacha hoi: saa 5 na dakika 28, wenzake saa 44 na 55. Hataza yake ilikuwa imeshatoka Januari mwaka huohuo, kwa hiyo serikali ikakodi mashine zake. Ndiyo, ikakodi. Jamaa hakuuza.

Sensa ya 1890 ikapata karibu watu milioni 63, na hesabu hiyo ya jumla ikatoka ndani ya wiki chache. Lakini angalia na maswali. Sasa mama aliulizwa amezaa watoto wangapi na wangapi wako hai. Mwenye nyumba aliulizwa kama ameiweka rehani. Uchambuzi ukirahisika, anayeuliza anaongeza maswali. Katiba ilitaka vichwa tu; mashine ikaifanya serikali iwe na hamu ya mengine.

Hollerith alikuwa mkali kwenye biashara. Mwaka 1902 Bunge likaifanya Ofisi ya Sensa kuwa ya kudumu, na mkurugenzi wake, S.N.D. North, akaziona bei kuwa ni unyonyaji. Wakagombana, mashine zikaondolewa. Mwaka 1906 hataza zake za kwanza zikaisha muda, na ofisi ikamtumia fundi wake, James Powers, kutengeneza mashine nyingine. Mwaka 1910 Hollerith akaenda mahakamani kuizuia, na akashindwa. Sheria iliyomlinda miaka 17 ilikuwa imemaliza kazi yake. Mwaka 1911 akauza kampuni kwa zaidi ya dola milioni moja. Iliyoundwa baada ya kuunganishwa ndiyo iliyoitwa IBM kuanzia 1924. Yeye akahamia kwenye ng'ombe na mashua, akafariki Washington tarehe 17 Novemba 1929.

Kadi zake ziliendelea kuishi. Sensa ya Ujerumani ya 1933, iliyouliza dini, ilichambuliwa kwa mashine za kampuni tanzu ya IBM. Ile ya 1939 iliuliza kama babu na bibi wa mtu walikuwa Wayahudi, na aliyekuwa akiuliza tunamjua. Hollerith hakuyaona hayo. Ila Wajerumani waliyakumbuka: sensa ilipopangwa mwaka 1983, watu wakagoma na kufungua kesi. Tarehe 15 Desemba 1983 Mahakama ya Katiba ya Karlsruhe ikaamua kwamba mtu ana haki ya kuamua taarifa zake zitumikeje. Sensa ikaja kufanyika 1987, kwa sheria mpya.

Sisi tulihesabiwa kwa vishikwambi Agosti 2022, tukawa 61,741,120, karibu sawa na Wamarekani wa Hollerith. Sheria ya Takwimu ilikuwepo na inadai usiri, lakini Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ilipitishwa baada ya makarani kuondoka milangoni, ikaanza kutumika 1 Mei 2023. Wakati huo vishikwambi vilikuwa vimeshaanza kugawiwa walimu. Nikipata ajira, huenda nami nikakabidhiwa kimojawapo.