Klaus Wachsmann, Mjerumani aliyenasa sauti za Uganda

Embaire, marimba makubwa ya Busoga, hupigwa na watu sita au zaidi, mbao zake zikiwa zimelazwa kwenye vigogo vya migomba juu ya shimo. Mfanyabiashara anayetoka Mbale akapita Jinja na kushika barabara ya Kamuli hadi Buwenge yumo ndani ya nchi ya muziki huo. Mafundi wa zamani hawakuandika nota. Wimbo ulikaa kichwani, na mzee akifa hajamfundisha mtu, ulizikwa naye.

Mmoja wa watu wa kwanza kulishughulikia jambo hilo kwa mashine alikuwa mgeni mkimbizi. Klaus Wachsmann alizaliwa Berlin mwaka 1907, katika ukoo wa Kiyahudi. Hitler aliposhika madaraka mwaka 1933, milango ya vyuo vya Ujerumani ilifungwa kwake, akamalizia udaktari wake wa muziki Uswisi. Mwaka 1937 aliingia Uganda pamoja na mkewe, akafanya kazi katika elimu ya misheni.

Mwaka 1948 alikabidhiwa jumba la makumbusho la Kampala. Hakutaka ngoma zikae kimya kabatini kama mali isiyo na mnunuzi. Alimwajiri Evaristo Muyinda, mpigaji wa kasri la Kabaka, awapigie wageni. Kisha, kuanzia mwaka 1949, alizunguka karibu kila pembe ya Uganda, Busoga ikiwemo, akinasa nyimbo zaidi ya elfu moja.

Hakuishia kurekodi. Alimwomba Temusewo Mukasa, mpiga kinubi wa Kabaka, akaze nyuzi zake kama alivyozoea, kisha akapima kila sauti. Aliona kwamba sikio la mzee yule liliigawa ngazi ya muziki katika hatua 5 zinazokaribiana sana kwa ukubwa. Mwaka 1950 matokeo hayo yalichapishwa katika jarida la sayansi la Nature, huko Uingereza.

Aliondoka mwaka 1957. Mei 1966 jeshi la serikali lilishambulia kasri la Mengo. Wapigaji walitawanyika na ala nyingi zikateketea. Mwaka uliofuata falme zilifutwa, na cheo cha Kyabazinga wa Busoga pia. Kwa baadhi ya nyimbo za kasri, mahali pa uhakika pa kuzisikia palikuwa London, zilikohifadhiwa rekodi zake. Wanaovuka Malaba na Busia wanaelewa: mzigo ukishatoka, kuurudisha kuna gharama zake, hata kama mwenyewe anajulikana.

Wachsmann alifariki Uingereza mwaka 1984, baada ya kufundisha vyuo vikuu Marekani. Nakala zilirudi Uganda katika karne hii, kwa juhudi za wasomi wa Makerere, akiwemo Profesa Sylvia Nannyonga-Tamusuza. Sasa zimo katika hifadhi ya muziki ya chuo hicho, nayo ina jina la Wachsmann. Rekodi asilia zimebaki London.