Andreas Grüntzig na Puto la Kuzibua Mishipa ya Moyo

Weka vidole viwili juu ya kifundo cha mkono wako wa kushoto, upande wa kidole gumba. Utasikia mdundo. Hapo pana ateri, na kila mdundo ni pigo moja la moyo. Katika somo la mzunguko wa damu umejifunza kwamba moyo ni msuli unaosukuma damu mwilini kote. Msuli huo nao wahitaji chakula na oksijeni. Damu iliyomo ndani ya vyumba vya moyo haiwezi kuulisha msuli mnene kama huo. Moyo hulishwa na ateri zake wenyewe, ambazo hupita juu ya uso wake kama mizizi ikumbatiavyo jiwe. Ateri hizo ni nyembamba. Hata zile kubwa, mahali zinapoanzia, zina upana wa milimita 3 au 4 hivi.

Kwa baadhi ya watu, hasa watu wazima, mafuta hujikusanya katika kuta za ateri hizo na kuifinya njia ya damu. Mtu wa namna hiyo akipanda mlima au akibeba mzigo, husikia kifua kinambana. Ateri ikiziba kabisa, sehemu ya msuli wa moyo hufa, na mtu mwenyewe aweza kufa. Hadi mwaka 1977 madaktari walikuwa na njia mbili tu za kumsaidia: kumpa dawa, au kumpasua kifua na kushona mshipa mwingine ili damu ipite kando ya mahali palipoziba. Aliyefungua njia ya tatu ni Andreas Grüntzig.

Grüntzig alizaliwa tarehe 25 Juni 1939 mjini Dresden, Ujerumani. Miezi michache baadaye Vita Kuu ya Pili ikaanza. Baba yake alichukuliwa vitani wala hakurudi, na mama yake akamlea yeye na kaka yake. Alisoma shule mjini Leipzig, kisha akasomea udaktari katika Chuo Kikuu cha Heidelberg na kuhitimu mwaka 1964. Mwaka 1969 alikwenda kufanya kazi katika hospitali ya Chuo Kikuu cha Zurich, nchini Uswisi.

Kazi yake haikuanzia mahali patupu. Mwaka 1929 daktari kijana wa Kijerumani, Werner Forssmann, alikuwa amejichanja mkononi, akaingiza mpira mwembamba katika vena na kuusukuma hadi ndani ya moyo wake mwenyewe. Kisha akatembea kwa miguu hadi chumba cha eksirei apigwe picha. Watu waliodhani kwamba kuugusa moyo wa mtu aliye hai ni kumwua walikuta yu hai. Na mwaka 1964, mjini Portland, Marekani, daktari Charles Dotter alizibua ateri ya mguu kwa kupitisha ndani yake mpira mwembamba, kisha mwingine mnene kidogo juu ya ule wa kwanza. Grüntzig alijifunza njia hiyo ya Dotter akaipenda, ila akaona ina kasoro. Mpira mgumu unaosukumwa kwa nguvu hukwaruza ukuta wa ateri kote unakopita, nao haufai kabisa katika ateri ndogo za moyo. Afadhali, alifikiri, kupitisha kitu chembamba na laini, ambacho kitanenepa mahali pale tu palipozibana. Yaani puto.

Jaribu mwenyewe. Chukua mpira wa ndani wa gurudumu la baiskeli, uutoe katika tairi, kisha uujaze upepo. Utaona unavimba upande mmoja, pale palipo dhaifu, na ukizidi kuujaza utapasuka. Ukiufinya kwa mkono, upepo hukimbilia pale pasipofinywa. Sasa urudishe ndani ya tairi: hata ukiujaza mpaka uwe mgumu kama jiti, hauzidi ukubwa wa tairi. Maputo ya kwanza ya Grüntzig yalikuwa na tabia ya mpira uliotolewa katika tairi. Yalipokutana na mafuta magumu yalikataa kuyasukuma, yakavimba mbele na nyuma, mahali ambapo ateri ilikuwa nzima. Hatari ilikuwa hapo hasa, kwa maana puto linalovimba bila kipimo laweza kuipasua ateri.

Tuitazame hatari hiyo, kwa kuwa ndiyo iliyoongoza kazi yake yote. Moyo umo ndani ya mfuko wa utando mgumu usiotanuka upesi. Ateri ya moyo ikitoboka, damu huvuja na kuingia kati ya moyo na mfuko huo. Haina mahali pa kutokea. Kiasi cha kikombe kimoja cha chai, kikiingia kwa ghafula, chatosha kuubana moyo hata ushindwe kujaa damu. Na moyo usiojaa hauna cha kusukuma. Mgonjwa aweza kufa kwa muda mfupi. Kwa hiyo haikutosha kwa Grüntzig kupata puto lenye nguvu. Alitaka puto litakalofika ukubwa uliopangwa, kisha lisimame hapo.

Kwa muda mrefu aliitafuta plastiki ya kufaa. Profesa mmoja wa kemia aliyekuwa amestaafu, Heinrich Hopff, ndiye aliyemwelekeza kwenye aina ya plastiki inayoitwa PVC, ile ambayo siku hizi hutumiwa pia kutengenezea mabomba ya maji. Ikitengenezwa kwa wembamba sana na kupashwa moto, huwa puto lisilozidi kipimo chake. Wala usidhani kwamba kazi hii ilifanyika katika kiwanda kikubwa. Ilifanyika usiku, juu ya meza ya jikoni nyumbani kwake, pamoja na mke wake, msaidizi wake Maria Schlumpf na mume wa msaidizi huyo. Walikata, wakafunga kwa uzi, wakagandisha kwa gundi, wakajaribu, wakatupa, wakaanza tena.

Puto hilo halikujazwa upepo. Lilijazwa maji yaliyochanganywa na dawa inayoonekana katika eksirei, ili daktari aone linavyotanuka. Tena likipasuka, hewa isiingie katika ateri. Mbele yake Grüntzig aliweka ncha laini ya kutangulia, isije ikachoma ukuta wa ateri kwenye kona.

Mwezi wa Februari 1974 alilitumia kwa mara ya kwanza katika ateri ya mguu wa mgonjwa, likafaulu. Kisha akalitengeneza dogo zaidi kwa ajili ya moyo, akalijaribu kwa mbwa. Mwaka 1976 alionyesha matokeo yake katika mkutano wa madaktari mjini Miami, Marekani, na wengi hawakuamini kwamba jambo hilo lingewezekana kwa mwanadamu. Hakuharakisha. Mwezi wa Mei 1977, mjini San Francisco, yeye na daktari Richard Myler walilijaribu kwa wagonjwa ambao vifua vyao vilikuwa vimekwisha kufunguliwa na wapasuaji. Hapo kosa lolote lingeweza kutengenezwa papo hapo.

Ndipo ikafika tarehe 16 Septemba 1977, mjini Zurich. Mgonjwa alikuwa mwanamume wa miaka 38, ambaye ateri moja ya moyo wake ilikuwa imefinywa mahali pafupi. Alielezwa wazi kwamba atakuwa mtu wa kwanza, naye akakubali. Wapasuaji walikaa tayari, ili ateri ikipasuka au ikiziba wampasue mara moja. Mgonjwa alikuwa macho. Mpira uliingizwa katika ateri ya pajani, ukapandishwa hadi kwenye moyo, na puto likajazwa mara mbili. Damu ikapita. Wapasuaji hawakuwa na kazi siku ile.

Mwaka 1979 Grüntzig alitangaza habari za wagonjwa wake 50 wa kwanza. Aliandika kwamba amefaulu kwa 32, na kwamba 5 walilazimika kupasuliwa kwa haraka. Kwa maoni yetu, ukurasa huo una thamani sawa na puto lenyewe, maana daktari aliyeusoma alijua kwamba asiguse ateri ya moyo bila wapasuaji kuwa karibu. Hata masomo yake aliyafundisha huku akitibu mgonjwa mbele ya macho ya madaktari wenzake, kupitia televisheni, iwe atafaulu au atashindwa.

Mwaka 1980 alihamia Chuo Kikuu cha Emory mjini Atlanta, Marekani. Tarehe 27 Oktoba 1985 alikuwa akiirusha ndege yake ndogo kurudi Atlanta katika hali mbaya ya hewa. Ilianguka katika jimbo la Georgia, naye akafa pamoja na mke wake wa pili. Alikuwa na umri wa miaka 46.

Leo matibabu hayo hufanyika katika nchi nyingi, hata kwetu Dar es Salaam, katika Taasisi ya Moyo ya Jakaya Kikwete. Ateri kutoboka ni nadra, chini ya mgonjwa mmoja katika kila mia, lakini hatari haijaondoka, kwa kuwa nyaya za kisasa ni ngumu zaidi na hupenya mahali ambapo zamani hapakupenyeka. Jambo hilo likitokea, daktari hulijaza puto pale pale penye tundu na kulizuia, kama vile fundi wa baiskeli azibavyo tundu kwa kidole kabla ya kutia kiraka. Kiraka chenyewe ni bomba dogo la wavu wa chuma lililofunikwa kwa utando. Ikiwa damu imekwisha ingia katika mfuko wa moyo, huvutwa nje kwa sindano ndefu.

Mgonjwa yule wa kwanza alifika Atlanta mwaka 1987, miaka 10 baada ya siku ile ya Zurich. Madaktari walimpiga picha ya moyo. Ateri ilikuwa wazi. Grüntzig alikuwa amekufa miaka miwili kabla.