Origen: Aliwajibu wazushi, naye akaja kuitwa mzushi

MWAKA 553 mtaguso wa maaskofu uliofanyika Constantinople uliliweka jina la Origen katika orodha ya wazushi. Mwenyewe alikuwa amekwisha kufa miaka 300 hivi kabla ya hapo. Alipokuwa hai, alitumia sehemu kubwa ya umri wake kuwajibu watu ambao Kanisa la wakati huo liliwaita wazushi.

Origen alizaliwa yapata mwaka 185 na kukulia Alexandria, mji mkubwa wa bandari kaskazini mwa Misri. Wamisri, Wagiriki na Wayahudi waliishi humo, kila kundi na ibada zake. Hata Wakristo hawakuwa na sauti moja. Orodha ya vitabu 27 vya Agano Jipya ilikuwa bado haijakubaliwa na wote, na walimu walishindana kuyafafanua Maandiko.

Basilides na Valentinus walikuwa miongoni mwa waliofundisha mjini humo katika karne ya pili. Wao na wenzao huitwa Wagnostiki, kutokana na neno la Kigiriki lenye maana ya maarifa. Wengi wao waliamini kwamba ulimwengu huu wenye maradhi na mauti haukuumbwa na Mungu aliye juu ya yote, bali na nguvu iliyo chini yake, na kwamba mtu huokoka kwa kuijua asili ya roho yake. Wafuasi wa Valentinus walijihesabu kuwa Wakristo, tena wenye ufahamu zaidi ya wengine.

Mwaka 202, wakati wa Kaisari Septimius Severus, baba yake Origen aliyeitwa Leonides alikamatwa kwa sababu ya Ukristo wake na kukatwa kichwa. Kijana, ambaye hakuwa ametimiza miaka 17, alitaka kujitoa afe pamoja naye. Mwanahistoria Eusebius anasimulia kwamba mama yake alimficha nguo zote ili asiweze kutoka nyumbani. Mali ya familia ilitaifishwa, na mama akabaki na watoto saba wa kiume, Origen akiwa wa kwanza.

Mwanamke tajiri wa mjini alimpokea. Katika nyumba hiyohiyo aliishi Paulo wa Antiokia, mhubiri aliyehesabiwa kuwa mzushi, na watu wengi walifika kumsikiliza, wakiwamo waumini wa Kanisa. Origen alikula na kulala chini ya paa moja na Paulo, lakini hakukubali hata siku moja kusali pamoja naye. Alipoanza kupata kipato kwa kufundisha sarufi, alijitegemea.

Akiwa na miaka 18 alikabidhiwa kuwafundisha waliojiandaa kubatizwa. Aliuza vitabu vyake vya waandishi wa Kigiriki kwa malipo madogo ya kila siku, akaishi kwa fedha hizo, akilala sakafuni na kutembea bila viatu.

Kalamu badala ya fimbo

Sifa zake zilimfikia Ambrose, mtu mwenye mali aliyekuwa mfuasi wa mafundisho ya Valentinus. Origen alimshawishi kwa hoja hadi akajiunga na Kanisa. Tangu hapo Ambrose alimlipia waandishi wa hati mkato zaidi ya saba, waliopokezana kuandika kila alichosema, pamoja na wanakili na wasichana wenye mwandiko mzuri.

Kazi mojawapo aliyoifanya kwa msaada huo ni ufafanuzi wa Injili ya Yohana. Heracleon, mwanafunzi wa Valentinus, alikuwa ametangulia kuifafanua Injili hiyo. Origen alinakili maneno ya Heracleon kipande kwa kipande, kisha akajibu kila kimoja. Kitabu cha Heracleon kimepotea, na karibu yote yanayojulikana juu yake leo yanatokana na kurasa za mpinzani wake.

Wagnostiki wengi walifundisha kwamba watu hutofautiana kwa asili, wengine wakiwa wameumbiwa wokovu na wengine la. Origen alilipinga hilo kwa nguvu. Kwake kila roho ina hiari. Alifikiri pia kwamba roho zilikuwapo kabla ya miili, na kwamba huenda mwishowe viumbe vyote vikarejea kwa Mungu. Mawazo hayo ndiyo yaliyokuja kumponza.

Mpagani Celsus aliwahi kuwakejeli Wakristo kwa kugawanyika makundi. Origen alimjibu kwamba hata matabibu wana makundi, kwa kuwa tiba ni jambo lenye manufaa makubwa kwa watu, na kitu cha maana hakikosi kujadiliwa. Alipotumwa Uarabuni kwa Askofu Beryllus aliyeshutumiwa kupotoka, alianza kwa kumsikiliza ili ajue anaamini nini. Ndipo akajadiliana naye, na Beryllus akabadili msimamo akiwa bado askofu.

Kufukuzwa na kuteswa

Origen mwenyewe hakutendewa hivyo. Yapata mwaka 231, maaskofu wa Palestina walimpa upadri bila idhini ya Demetrius, askofu wa Alexandria. Demetrius alimtenga, na Roma ikaunga mkono. Makanisa ya Palestina, Foinike na Uarabuni yalikataa hukumu hiyo. Origen alihamia Kaisaria ya Palestina, akaendelea kufundisha.

Mwaka 250, chini ya Kaisari Decius, alikamatwa. Alifungwa pingu ya chuma shingoni na miguu yake ikanyooshwa kwa siku nyingi katika mkatale, lakini hakuikana imani. Aliachiliwa akiwa amedhoofika, akafa miaka michache baadaye, umri wake ukikaribia 70.

Kanisa aliloliteswa kwa ajili yake lilianza kumchunguza upya. Karibu na mwaka 400, Askofu Theophilus wa Alexandria aliyalaani mafundisho yake na kuwafukuza wamonaki waliomsoma. Kaisari Justinian alitoa amri dhidi yake mwaka 543, na miaka kumi baadaye ukafuata mtaguso wa Constantinople. Sehemu kubwa ya maandishi yake ya Kigiriki ilipotea, kama yalivyopotea ya Wagnostiki aliowajibu.

Ardhi ya Misri ilihifadhi baadhi yake. Mwaka 1941, mapango ya Tura karibu na Cairo yalipokuwa yakisafishwa ili jeshi la Uingereza lihifadhi silaha humo, yalipatikana mafunjo yenye maandishi ya Origen. Mwaka 1945, wakulima karibu na Nag Hammadi walifukua mtungi wenye vitabu vya Wagnostiki. Kwa sasa wasomi huyasoma maandishi ya pande zote mbili.