Bibi Titi na kura ya asiyesoma

Bibi yangu wa Ikungi hajui kusoma. Kila uchaguzi anaamka alfajiri kuwahi foleni, na akirudi anatuonyesha kidole chenye wino. Sisi wajukuu wasomi tunakaa kwenye vimbweta tukibishana kama kura ina maana, na siku ya kuchagua serikali ya wanafunzi wengine tunalala. Ndiyo maana nataka tumkumbuke Bibi Titi Mohamed, ambaye wengi wetu tunamjua kwa jina la barabara tu kule Dar.

Alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1926. Baba yake hakutaka asome shule hizi za kizungu. Alipofariki, mama ndiye aliyempeleka, akafika darasa la 4, kisha akaozwa akiwa bado binti mdogo. Kilichompa jina mjini ni sauti yake, maana alikuwa mwimbaji wa kikundi cha ngoma cha Bomba.

TANU ilipoanzishwa mwaka 1954 akajiunga mapema, kadi namba 16. Mwaka uliofuata akaja John Hatch wa chama cha Labour cha Uingereza, akauliza wanawake wa chama wako wapi. Swali likawaumbua wanaume, na kazi akapewa Titi. Hakuanza na ofisi wala vipeperushi. Alikwenda kwa viongozi wa vikundi vya ngoma, kwa sababu ukimpata kiongozi umewapata na wenzake. Sisi wa ualimu tunakaririshwa kwamba uanze na kile anachokijua mwanafunzi. Yeye hakusubiri kufundishwa. Ndani ya miezi michache wanawake kama 5,000 walikuwa na kadi, wakati ambapo watumishi wa serikali walikatazwa kabisa kujiunga.

Sasa hapa ndipo panaponiuma. Uchaguzi wa 1958 na 1959 haukuwa wa kila mtu. Ulitakiwa uwe na miaka 21, halafu uwe na elimu, au kipato, au cheo fulani. Katika nchi ya watu zaidi ya milioni 8, waliojiandikisha hawakufika 60,000. Kwa darasa lake la 4, Titi mwenyewe asingepita kwa kigezo cha elimu. Yaani mwanamke aliyezunguka nchi nzima akihutubia umati, kwenye mizani ya wakoloni elimu yake haikutosha! Na huku kwetu Singida, wakati huo tukiwa Jimbo la Kati, mwanamke mkulima wa mtama angepitia mlango gani?

Mlango ulifunguka kwa watu wazima wote kwenye uchaguzi wa rais wa 1962. Mwaka huohuo ikaundwa UWT, Titi akawa mwenyekiti wake wa kwanza.

Baada ya hapo mambo yalimgeukia. Mwaka 1965 alikosa ubunge wa Rufiji. Azimio la Arusha lilipowakataza viongozi kupangisha nyumba, alijiuzulu. Oktoba 1969 akakamatwa kwa tuhuma za uhaini, akahukumiwa kifungo cha maisha, na Nyerere akamwachia mwaka 1972. Miaka mingi alikaa kimya, karibu kusahaulika, mpaka sherehe za miaka 30 ya uhuru mwaka 1991 alipoanza kutajwa tena kama shujaa.

Alifariki Johannesburg tarehe 5 Novemba 2000. Mimi nilikuwa sijazaliwa. Bibi yangu alikuwa ameshapiga kura wiki moja kabla.